Mnara Ulioliwa na Madeni

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Tumelelewa na maneno hayo, na hadi leo mtu akipiga hodi jioni na mzigo wake begani tunamfungulia mlango kabla hatujamuuliza atokako. Jioni hii, wasikilizaji wangu, nataka tuzungumze juu ya nyumba moja ambayo mgeni alifika na mwenyeji hakupona. Nyumba hiyo sasa ni gofu. Iko kaskazini magharibi mwa Uskoti, kando ya ziwa Assynt, nayo huitwa Ardvreck.

Ardvreck ni neno la Kigaeli, lugha ya wenyeji wa milima ile. Maana yake ni rasi yenye madoadoa. Na kweli ni rasi: kipande cha mwamba kilichochomoza ziwani, kikashikana na nchi kavu kwa shingo nyembamba ya nyasi na changarawe. Ziwa lenyewe lina urefu wa kama kilomita 10, na mvua zikizidi maji hupanda yakaimeza ile shingo, rasi ikawa kisiwa. Aliyepachagua mahali pale alijua anachokitafuta. Adui hana njia ya kukujia ila moja, na hiyo moja unaiona ukiwa dirishani kwako.

Wajenzi walikuwa ukoo wa MacLeod wa Assynt, tawi la MacLeod wa kisiwa cha Lewis. Mnara unakadiriwa kuanza kujengwa mwishoni mwa karne ya 15, na karne iliyofuata ukaongezwa. Wakubwa wa Uskoti wa zama hizo walikuwa na nyumba za namna yao. Badala ya kutandaza vyumba uwanjani, walivipandisha kimoja juu ya kingine, nyumba ikasimama wima. Chini kabisa palikuwa na vyumba vya mawe vyenye dari ya kuba, vya kuwekea akiba. Juu yake ukumbi, ambamo mkuu alikula na watu wake, akaamua kesi, akapokea wageni. Juu zaidi malazi. Kuta zilikuwa nene kiasi cha kumfanya mtu aliye ndani asisikie upepo unavyolia nje, na Assynt upepo hulia kweli.

Kilichobaki leo ambacho bado kinamsimamisha mtu ni pembe ya ngazi. Ukiwa chini yake, pembe hiyo ni duara kama pipa refu la mawe. Panda nalo kwa macho. Ukifika juu kidogo unaona mawe yanaanza kutokeza nje, safu juu ya safu, kila safu ikiipita ya chini yake kwa upana wa kiganja, hadi lile duara linageuka kuwa chumba cha pembe nne kinachoning'inia juu ya kichwa chako. Hakuna nguzo inayokishikilia. Ni uzito wa jiwe juu ya jiwe na hesabu ya fundi ambaye jina lake halikuandikwa popote. Na chini ukutani, kwenye vyumba vya akiba, yamo matundu ya bunduki yanayoitazama ile njia moja ya kuingilia.

Kabla sijaendelea, niseme neno juu ya ukoo. Kwa Kigaeli, clann ni watoto, basi. Na Mac ni mwana wa. MacLeod ni wana wa Leod, mtu wa karne ya 13. Sisi tunaosema fulani ni wa nyumba ile, wa mlango ule, wa tumbo lile, hatuhitaji kufafanuliwa zaidi. Majina haya ya Mac hata barabarani kwetu yapo. Anayesafiri kutoka Mombasa kwenda Voi hupita Mackinnon Road, mahali ambapo madereva wengi husimama kwenye msikiti na kaburi la Sayyid Baghali Shah. Jina hilo ni la William Mackinnon, tajiri aliyezaliwa Campbeltown, Uskoti, mwaka 1823, ambaye kampuni yake ilipewa na Waingereza hati ya kutawala sehemu hii mwaka 1888. Naye alikuwa na karatasi mkononi. Tuliweke hilo akilini, kwa sababu habari ya Ardvreck, ukiichimba vizuri, ni habari ya karatasi.

Tazameni mambo yalivyokuwa. Mkuu wa ukoo alikuwa tajiri wa watu, wa mifugo na wa nyasi. Waliokaa kwenye ardhi yake walimlipa kwa unga, kwa siagi, kwa ng'ombe, na vita vikitokea kwa panga zao. Fedha taslimu alizishika kwa nadra. Kisha karne ya 17 ikaingia na matakwa mapya. Mfalme na serikali yake walitaka kuwafuga wakuu wa magharibi. Sheria zilizotiwa saini Iona mwaka 1609 ziliwataka wakubwa wa visiwani, kila mwenye ng'ombe 60 au zaidi, wampeleke mtoto wao wa kwanza kusoma nyanda za kusini, ajue Kiingereza. Mtoto wa mkubwa akienda mjini anahitaji chumba, nguo, mwalimu. Baba yake akiitwa mjini anahitaji wakili. Ng'ombe hamlipi wakili wa Edinburgh. Kwa hiyo wakuu, wa visiwani na wa bara, wakaanza kukopa.

Kukopa kwao kulikuwa kwa namna ambayo watu wa pwani wataitambua mara moja. Mkuu anapokea fedha, mkopeshaji anashika kipande cha ardhi na kula mapato yake mpaka fedha zirudi. Shamba limewekwa poni. Na hati ya deni lile ni mali, inauzika. Aliyekukopesha ni jirani mpole, anakuvumilia mwaka hadi mwaka, lakini siku moja anapata shida zake mwenyewe na kuiuza hati yako kwa mtu asiyekupenda. Hapo ndipo ukoo wa Mackenzie, mabwana wa Seaforth, walipokuwa hodari kuliko wote. Lewis waliipata kwa njia hiyo hiyo ya kununua haki mikononi mwa watu wengine, mwaka 1610, na MacLeod wa Lewis wakaisha. Wakageukia Assynt, wakaanza kuyakusanya madeni ya MacLeod wa huko, binamu wa wale wa Lewis, hati moja moja.

Na ajabu ni kwamba hata ngano ya wenyeji inaanza na deni. Wanasimulia kwamba mkuu wa MacLeod alitamani ngome na hakuwa na uwezo wa kuijenga, basi akaafikiana na shetani: nijengee, nami nitakupa binti yangu. Ngome ikasimama. Siku ya malipo ilipofika na binti akajua ameozwa kwa nani, alipanda juu ya mnara akajitupa ziwani. Hadi leo, wanasema, maji yakipanda Assynt bila sababu ni machozi yake. Mimi ngano hii hunigusa kwa jambo moja tu: aliyekopa ni baba, aliyelipa ni mtoto.

Sasa tufike kwenye ule usiku wa mgeni.

Mwaka 1650. Mwaka uliotangulia, tarehe 30 Januari, Waingereza walikuwa wamemkata kichwa mfalme wao, Charles wa Kwanza. Mwanawe yuko uhamishoni, anatafuta jinsi ya kurudi, na jemadari wake ni James Graham, mkuu wa Montrose. Huyu Montrose alikuwa mtu wa kuzungumzwa. Mwaka 1638 alitia saini agano la Waskoti la kuitetea dini yao dhidi ya mfalme, kisha akahama upande, na kati ya mwaka 1644 na 1645, kwa jeshi dogo la watu wa milimani na Waairishi, akashinda vita sita mfululizo. Akashindwa Philiphaugh, akakimbilia ng'ambo. Sasa amerudi kwa njia ya visiwa vya Orkney, na tarehe 27 Aprili jeshi lake linashtukizwa na kuvunjwa Carbisdale, upande wa mashariki.

Anakimbia. Anatupa nishani zake, anabadilisha nguo, anaingia milimani kuelekea magharibi. Mwenzake mmoja, bwana wa Kinnoull, anashindwa njiani kwa njaa na baridi na hakuonekana tena. Husimuliwa kwamba Montrose alitafuna glovu zake. Siku zinapita, na mbele yake panatokea ziwa, rasi, na mnara wenye moshi.

Mwenye mnara ni Neil MacLeod, kijana wa miaka kama 22. Mkewe ni Christian Munro, na baba wa mkewe, John Munro wa Lemlair, alikuwa Carbisdale siku chache kabla, upande wa serikali ya Waskoti, akipigana na huyu huyu anayekuja kubisha hodi. Simulizi moja inasema Montrose alifika akaomba hifadhi, Neil hakuwapo, na Christian akampeleka chini kwenye vyumba vya kuba, akafunga mlango, akatuma watu kuwaita askari. Nyingine inasema watu wa Neil walimkamata milimani wakati tayari amri ya kuwasaka wakimbizi imekwishatolewa. Vyovyote vile, alilala Ardvreck akiwa mfungwa, akakabidhiwa, akapelekwa Edinburgh. Tarehe 21 Mei walimnyonga hadharani. Mwili waliukata vipande wakaugawa kwa miji, na kichwa wakakichomeka juu ya gereza la mji, kikakaa huko miaka 11.

Malipo ya Neil yalitajwa kuwa pauni 25,000. Lakini hizo zilikuwa pauni za Kiskoti, ambazo 12 kati yake zilikuwa sawa na pauni moja ya Kiingereza. Na si zote zilikuwa fedha: 20,000 sarafu, na 5,000 zilizobaki ni unga wa oti, boli 400. Oti ni nafaka ya nchi za baridi, ndiyo ugali na uji wao. Boli moja ya unga ni kama kilo 63, hivyo fikirini mzigo wenyewe. Na unga huo, wakasema watu, ulikuwa umechacha. Kila aliyewahi kufungua gunia lililoingia unyevu anaijua harufu ile inayokupiga puani kabla mkono haujaingia, na vile unga unavyotoka mabonge mabonge. Mshairi Iain Lom wa ukoo wa MacDonald, aliyekuwa upande wa Montrose, alitunga maombolezo yake kwa Kigaeli akamlaani mtu wa Assynt aliyemuuza mgeni kwa unga mbovu. Fedha hizo Neil huenda hakuziona kamwe. Lile gunia lililochacha ndilo lililobaki midomoni mwa watu kwa miaka zaidi ya 370.

Simtetei Neil. Aliyefika mlangoni kwake amekonda, miguu imechubuka, alistahili kipande cha mkate kwanza, hata kama kesho yake angepaswa kumkabidhi. Ninachoomba ni kwamba tutazame nani aliyefaidika na aibu yake.

Mwaka 1660 yule mwana wa Charles alirudi akiwa mfalme. Kilichokuwa utii kwa serikali kikageuka uhaini. Mackenzie wa Seaforth walikuwa watu wa mfalme, na zile hati za madeni bado wanazo sandukuni. Mdaiwa wao sasa ana jina baya, na hakuna mlango wa mkubwa anaoweza kuubisha akafunguliwa. Neil alifungwa Edinburgh miaka kadhaa bila hukumu. Alipotoka, kesi za madeni zilimfuata nyumbani. Mwaka 1672 Mackenzie walipata kutoka serikalini kibali kilichoitwa cha moto na upanga, yaani ruhusa ya kuingia katika nchi ya mtu, kuchoma na kuua, kwa jina la sheria. Waliuzingira mnara siku 14, ukaanguka. Mwaka 1674 Neil alisimamishwa mahakamani Edinburgh, habari ya Montrose ikiwa miongoni mwa mashtaka, na mahakama ikamwachia. Hapo ndipo mimi husimama kila mara ninapoisoma habari hii. Mahakama ilimwachia huru, na ardhi haikurudi. Shitaka la mgeni lilikuwa limefutika. Karatasi za madeni zilikuwa pale pale.

Basi MacLeod wa Assynt wakaisha kama ukoo wenye nchi. Watu wa kawaida walibaki, wakilima mashamba yale yale, wakimlipa bwana mwingine.

Nao Mackenzie? Mwaka 1726 Kenneth Mackenzie alichoka na mnara wa zamani, au, kama wanavyosema, mkewe ndiye aliyechoka: giza, ngazi za kuzunguka, ukumbi mmoja wa kila mtu. Wakajenga nyumba ya kisasa ufukweni, mwendo mfupi tu kutoka kwenye rasi. Wakaiita Calda. Nyumba pana, yenye madirisha makubwa yaliyopangwa sawasawa, na inasemekana baadhi ya mawe yalitolewa kwenye mnara. Karamu zilikuwa nyingi. Madeni yakawa mengi zaidi. Mwaka 1737 Calda iliungua. Wenyeji wanasema karamu ya Jumamosi ilipitiliza saa sita ya usiku ikaingia Jumapili, siku takatifu, na aliyeokoka ni mpiga zumari peke yake kwa sababu alikataa kuendelea kupiga. Familia haikuinuka tena. Katika miaka ya 1750 Assynt yote ilinunuliwa na nyumba ya mabwana wa Sutherland, na mwaka 1795 radi ikaupiga mnara ambao hakuna aliyekuwa akilala ndani yake. Leo magofu mawili yanatazamana kando ya maji yale yale, la aliyepora na la aliyeporwa.

Wageni wengi wanaopita pale husoma habari za Montrose, wakapiga picha, wakaondoka. Mimi naona jambo kubwa zaidi lilikuwa bado halijatokea. Kati ya mwaka 1812 na 1821 wenye Sutherland waliamua kwamba kondoo wanalipa kuliko watu. Mabonde ya ndani ya Assynt yakaondolewa wakazi, vijiji vikavunjwa, watu wakasogezwa pwani kwenye mawe, waishi kwa uvuvi na kuchoma mwani. Hapakuwa na mkuu wa ukoo wa kuwasemea. Chochote unachoweza kusema juu ya Neil, yeye alikuwa mwana wa Leod kama wao, na watu walikuwa nguvu yake. Kwa mwenye hati aliyekaa mbali, watu walikuwa mstari kwenye daftari la kodi, na kondoo mstari mwingine ulio mrefu zaidi.

Wengine hawakungoja. Norman McLeod, mzaliwa wa Stoer katika Assynt mwaka 1780, mhubiri mkali ambaye hakuelewana na kanisa la serikali, alivuka bahari mwaka 1817 hadi Nova Scotia, Kanada. Watu wakamfuata. Walikaa huko miaka zaidi ya 30, kisha mwaka 1851, akiwa mzee wa zaidi ya miaka 70, akapanda nao merikebu Margaret waliyoiunda wenyewe, wakaenda Australia, na kutoka Australia hadi Waipu, Nyuzilandi. Alifia huko mwaka 1866. Kutoka Stoer hadi Waipu ni upande wa pili kabisa wa dunia. Mtu huyo na watu wake walizunguka nusu ya dunia wakitafuta mahali ambapo hati ya ardhi itakuwa na majina yao.

Waliobaki pwani ya Assynt walikaa kama wapangaji wa vishamba, kizazi baada ya kizazi, huku ardhi ikibadilisha wenyewe juu ya vichwa vyao. Hadi deni lilipopiga hodi tena, safari hii kwa mwenye ardhi. Eneo la Lochinver Kaskazini, eka zaidi ya 21,000, lilikuwa limenunuliwa mwaka 1989 na kampuni ya Uswidi. Kampuni ikafilisika. Wafilisi wakalikata eneo vipande 7 wakavitangaza sokoni, wapangaji wakiwa ndani yake kama vile ni miti. Mwaka 1992 wapangaji wale, wakulima wadogo wa vijiji vya Stoer na jirani zake, wakakusanyika, wakaunda amana yao, wakaanza kuchangisha. Michango ilikuja kutoka kwa majirani, kutoka mashirika, na kutoka ng'ambo. Ofa zao za kwanza zilikataliwa. Mwishowe pauni 300,000 zikakubaliwa, na tarehe 1 Februari 1993 ardhi ikawa yao, na jina lililoandikwa kwenye hati ni la jumuiya. Walikuwa wa kwanza Uskoti miongoni mwa wakulima wa vishamba kufanya hivyo kwa nguvu zao wenyewe, na miaka 10 baadaye, mwaka 2003, bunge la Uskoti likapitisha sheria ya kuwapa jumuiya haki ya kununua ardhi wanayoishi.

Ninapofikiria siku ile ya Februari, huwaza yule kijana wa miaka 22 na madeni ya ukoo wake yaliyokuwa sandukuni mwa wengine, na ule ukuta mnene uliokuwa na matundu ya bunduki kwa ajili ya adui atakayekuja kwa miguu.

Mnara wenyewe haumo katika eka hizo. Uko ndani zaidi, mashariki, kando ya barabara itokayo Inchnadamph kwenda Lochinver. Katika miaka ya 2000 wenyeji walioungana chini ya jina la Historic Assynt walipata mafundi, wakafunga majukwaa, wakapanda hadi pale mawe yanapotokeza safu juu ya safu, wakaziba nyufa ili ile pembe ya ngazi isianguke. Hauna paa, hauna mlango wala mlinzi. Anayetaka kuuona anashuka barabarani, anavuka ile shingo ya changarawe kwa miguu, njia ile ile aliyoletewa Montrose. Mvua zikiwa zimezidi, anakaa upande wa huku, anangoja maji yashuke.